Kisawazo Hakimchukui Neema

Mama,

Salamu sikupi leo. Ulipokuwa hai nilikupigia magoti kila asubuhi, nikasema kamwene, nikangoja mpaka uitikie ndipo niinuke. Leo nimekaa kwenye kigoda chako jikoni naandika, na usipopenda shauri yako.

Una miezi mitatu kaburini. Naanza na siku ya kumaliza matanga, maana ndiyo siku niliyojua ulichonifanyia. Ukoo wote umekaa uani, wanagawa vitu vyako. Khanga zikaenda, sufuria zikaenda, jembe likaenda. Halafu wifi Salome, binti yako, akatoka ndani amebeba kisawazo. Hata mimi niliinamisha kichwa, nani Kilolo hii hakijui? Kibuyu kimoja, mianzi minane, kila mmoja na kigingi chake, waya wa shaba. Nguvu za moto, maji, upepo na udongo zikigombana, wewe ulikaza kigingi hiki, ukalegeza kile, mpaka kibuyu kiache kutetemeka, na mvua ya mawe ikapita mbali na mahindi ya watu. Nilikuheshimu kwa hilo. Sikatai.

Salome akawapita watu wazima wote, akakiweka mapajani kwa Neema. Mwanangu wa miaka kumi! Na mtoto hakushtuka. Vidole vyake vikaenda vyenyewe kwenye vigingi, kama vya mtu aliyezoea kusuka mkeka.

Ndipo nikajua. Zile jioni zote ulizosema, "Mama Neema, niachie mjukuu wangu anichambulie njegere," hazikuwa njegere.

Nikamshika mkono. Kidole gumba, baridi. Cha pili, baridi. Baridi yako ile ile, Mama, ya jiwe la mtoni, ambayo hata ukiota moto haitoki. Maana kisawazo hakifanyi kazi bure. Kila nguvu inapotulia, kinakula joto la mkono uliokishika. Wewe mwishoni ulikuwa hushiki hata kijiko. Nani alikulisha uji? Nani alikukanda vidole kwa maji ya moto, na wewe unanisema, "We Mnyakyusa, kanda vizuri, siyo unamenya ndizi"? Nikacheka, mjinga mimi. Kumbe navikanda vyako, wewe unavigandisha vya mwanangu.

Ungeniuliza. Neno moja tu. Nimemzaa mimi.

Nilikinyakua nikakificha ghalani chini ya magunia ya viazi. Salome akapiga kelele watu wote wasikie, "Umekuja na begi moja kutoka Tukuyu, leo unatufundisha mila?" Baba Neema naye akapiga simu kutoka kazini Mgololo. Ati nitulie, mama alijua anachofanya. Nikamkatia. Mwanao yule anakuogopa hata ukiwa chini ya udongo.

Wiki ya pili upepo ukaja. Ukaezua bati za jirani yetu Mama Daudi, ukalaza mahindi, na moto jikoni ukawa unaruka nje ya mafiga kama umetukanwa. Watu wakajaa uani, siyo kunipa pole. Mama Daudi akaniambia, "Mtoe mtoto atulize, au unangoja tufe njaa ndiyo ufurahi?" Wanamtaja mwanangu kama wanaazima shoka. Na yeye kasimama nyuma ya mlango, mikono ameibana kwapani aipashe joto.

Mimi mwoga, unanijua. Shule yangu iliishia darasa la nne, na mbele ya watu sauti hainitoki. Siku hiyo ilitoka. Nikawauliza, mashamba yenu mnalimaje? Si kwa mgowe? Leo wote kwa huyu, kesho wote kwa yule. Nani alishawahi kumpa mtoto mmoja bonde zima alime peke yake? Nikakitoa kisawazo, nikakibwaga katikati ya uwanja. Mianzi minane hiyo. Anayetaka utulivu ashike.

Wewe ulisema kinaujua mkono mmoja tu. Ulidanganya, Mama. Au hukuwahi kujaribu, kwa sababu ulipenda tukuinamie. Sijui lipi baya zaidi.

Wengi waliondoka, Salome wa kwanza. Tukabaki sita, mimi na Mama Daudi tukashika miwili miwili. Tulikaza vibaya, tukatukanana, "Legeza wewe!" "Nimelegeza, kaza wako!" na kibuyu kinarukaruka kama kuku aliyekatwa kichwa. Hatukukiweza kama wewe, sitakudanganya. Upepo ulipungua, haukuisha. Bonde la chini mahindi yamelala mpaka leo, na wenyewe njiani hawanisalimii. Sawa tu. Kila Jumamosi tunakishika. Kidole changu cha mwisho kimeingia baridi. Kinavumilika, ni kidole kimoja.

Gumba la Neema limerudi. Cha pili bado. Kila asubuhi nakigusa kwa mdomo, maana mdomo haudanganyi, na kila asubuhi nakuchukia upya.

Kuna jambo nimelifikiria sana. Wiki yako ya mwisho ulikuwa unaweweseka, unamwita mama yako kwa sauti ya mtoto. Ulisema, "Mama, mwambie bibi aache basi, vidole vinauma." Nilidhani ni homa. Sasa naelewa. Na wewe uliwekewa kisawazo mapajani ukiwa mdogo, na hakuna aliyekuja kukinyakua. Hilo linaniuma, nisikufiche. Nililia shambani peke yangu. Lakini ulijua, Mama! Ulijua kinavyouma, ukampa mwanangu.

Lala basi. Kaburi lako nitalipalilia, maana mimi ndiye mkweo na sitaki kusemwa. Msamaha usiungoje, haupo. Nakuahidi kitu kimoja: hata vidole vyangu vyote kumi vigeuke mawe, chake hakigusi tena kigingi kile nikiwa hai. Na siku nikija huko usije kunipokea peke yako. Mlete mama yako. Nataka nimuulize alikuwa wapi.

Mimi mkweo,
Mama Neema