Waya Nilioutangaza Mfu

Nyumbani, chumba cha uani
Juni 9

Mpendwa Dada,

Pokea salamu zetu tele. Hujambo huko? Wanao hawajambo? Na shemeji je, bado anakoroma mpaka majirani wanahama? Sisi tu wazima. Mama, kama ulivyosikia, sasa anatuona vizuri, hata uchafu wa kola yangu.

Kazi yangu unaijua: tunatoa nyaya kuukuu za mwanga juu ya dari na kutunza zilizobaki. Ndani ya waya mna uzi wa kioo mwembamba kama unywele, na humo hupita sauti na sura za watu. Huu mwaka wa tatu naushika na bado mwili hunisisimka. Fundi wetu mkuu tunamwita Mama Vumbi, maana chembe moja kwenye ncha ya waya humpandisha mori. Huifuta taratibu, kama anayemfuta mtoto mchanga macho.

Sasa nisikilize, na usinicheke. Jumanne ile tulikuwa hospitalini, kulekule alikolazwa Mama. Nilikuwa juu ya ngazi, nimeshaubana kwa koleo la kukatia waya wenye kibandiko MFU. Mwandiko ulikuwa wangu. Wiki moja kabla niliuchomoa, nikachungulia ncha yake, nikaona giza tupu. Nikaurudisha, nikauandikia kifo.

"Umeupima?" Mama Vumbi akauliza kutoka chini.

"Nimeuangalia kwa macho yangu, mama. Hauna kitu."

"We! Mwanga huu hauonekani, tena unaweza kukuharibia jicho. Mfu hazikwi kabla hajapimwa. Hebu shuka!"

Akapanda mwenyewe, akabana kipimo kwenye waya. Kikalia papo hapo: mwanga ulikuwa unapita.

Niliufuata waya ule chumba kwa chumba, hadi ukashuka wodi ya wanawake, kwenye kisanduku kinachozirushia simu mtandao. Nikasimama mlangoni. Mama ameketi kitandani, simu ya muuguzi mkononi, na wewe ndani yake unalia, unamsihi akubali kupasuliwa jicho. Mara mbili alishakataa akarudi nyumbani, unakumbuka. Nikamsikia: "Haya basi, mwanangu. Nimekubali."

Dada, kilio chako chote kilikuwa kimepita katikati ya meno ya koleo langu. Ningebana kidogo tu, Mama angesema hata Mungu amekata simu, akavaa kandambili zake akaondoka.

Kila barua unalalamika kwamba uko mbali, huna msaada wowote. Mbali gani? Wewe wa ng'ambo ndiye uliyempa macho. Mimi niliyekuwa hatua arobaini kutoka kitandani kwake nusura nimwache gizani. Hilo bado linanishangaza nikiamka asubuhi.

Wasalimie shemeji na wapwa zangu. Mama Vumbi naye anakusalimu, ingawa hamjuani. Mola awafunike kwa rehema zake.

Mdogo wako akupendaye,
Kitindamimba

Tanbihi: Jibu lako litume kazini kwangu. Sijamwambia Mama, na siku hizi anasoma.