Pini Midomoni

Mwanangu mpenzi,

Sisi wazima, ila cherehani inanitesa, inakata uzi kila saa. Kuhusu mwanao kutosema, usihofu tena. Kumbe kosa lilikuwa kinywani mwangu. Unanijua nikishona: pini zote nazibana midomoni, na kila akinijia namjibu, "Mh!" Basi naye akitaka maji anafunga midomo, ananyoosha kidole: "Mh!" Mtoto umleavyo ndivyo akuavyo.

Nilipompeleka kliniki, muuguzi alicheka mpaka akakaa. "Bibi, toa pini, msemeshe, kisha nyamaza umsubiri." Sasa pini nazichoma kwenye sponji, napiga soga mchana kutwa na mtu wa miaka miwili. Wateja wanadhani nimerukwa na akili.

Jana asubuhi alinivuta gauni, akatoa neno lake la kwanza, wazi kabisa: "Mama."

Nikachutama. "Mimi bibi. Mama yuko kazini, mbali." Nikanyamaza nimsubiri, kama nilivyofundishwa.

Akanitazama, akafunga midomo. "Mh."

Mwanangu, mimi nimemweleza mpaka nimechoka. Njoo umwambie mwenyewe.

Ni mimi,
mama yako wewe.