Siku Mama Aliponiona Nikifa

Mjukuu wangu Nekesa,

Hapa Bondeni tu wazima. Nyanya yako amepona goti na anakusalimia sana. Umeniuliza kama sikuona aibu kuigiza jambazi miaka yote ile, kwa vile nawe umepewa kuigiza mwizi huko Kanada na unataka kukataa.

Filamu zetu za mapigano tulizipiga kwa kamera ya kuazima, kwenye machimbo ya mawe kule Gilgil. Katika kila filamu nilipigwa, kisha nikafa. Siku moja tulionyesha filamu mpya katika ukumbi wa kanisa, na mama yangu akaja. Shujaa aliponiangusha, watu walishangilia. Mama akasimama, akapaza sauti: "Wacheni kumpiga! Huyo ni mtoto wangu!"

Watu walicheka kidogo. Mimi, niliyekuwa nimeketi kando yake, nikamshika mkono, na kwa mara ya kwanza nikamwonea huruma yule jambazi.

Sikuacha kuigiza majambazi. Ila kabla kamera haijawashwa, nilijiuliza kwanza mama yake huyo jambazi anamngojea wapi.

Babu yako anayekuombea,
Wafula