Mama Mkwe wa Kwenye Tamthilia

Jumatano usiku

Huyu Wati wa kazini ndiye aliyenizoesha tamthilia za kwao Indonesia, na leo zimeniumbua.

Yule mama mkwe mkorofi amekufa. Siku zote namtukana, lakini alipomwomba mkwewe msamaha na kukata roho, niliangua kilio sebuleni kama niliyefiwa. Binti yangu Neema akaniambia kwa Kiingereza chake kwamba hao ni waigizaji tu. Nikamfukuza.

Mara Baba Neema akaingia kutoka kazini. Kuniona tu, akaangusha mkoba.

"Nani amekufa? Wamepiga simu kutoka nyumbani?"

Nilinyoosha kidole kwenye televisheni.

Mazishi ya mama yake, mkwe wangu, tuliyatazama huku ughaibuni kwenye simu, baada ya Pasaka. Yeye alilia mpaka sauti ikakauka. Mimi nilikaa pembeni yake macho makavu, nikiangalia saa nisije nikachelewa zamu. Na mama yule hakuwahi kuniudhi hata siku moja. Sijui nilikuwa na nini. Sijui.

Baba Neema aliitazama ile maiti ya kuigiza, akaokota mkoba wake taratibu.

"Kumbe machozi unayo."

Akaenda kulala bila kula.