Jina la Chini ya Ukurasa wa Mwisho

Nsambya, Kampala
Jumatano

Mamangu mpenzi,

Shikamoo. Nakuamkia wewe na wote waliomo nyumbani, na naomba magoti yawe yamekupa nafuu. Mimi sina ugonjwa. Mjomba naye hajambo, na ndiye atakayempa mwenzake wa reli barua hii ikufikie mkononi, kwani posta siku hizi barua hufunguliwa. Ukimaliza kuisoma, itie jikoni iungue.

Uliniuliza kwa nini sirudi Mombasa, ilhali Wahindi karibu wote wameshafukuzwa na maduka yao wamepewa wanajeshi. Jibu linamhusu Bwana Haldar, mwenye gazeti ninaloandikia.

Yeye ni Mbengali. Ujanani mwake huko Kalkuta, enzi za Waingereza, aliingia katika gazeti dogo la siasa. Sheria ilitaka jina la mhariri lichapwe chini ya ukurasa wa mwisho, na mwenye jina ndiye aliyefungwa. Basi wakubwa walioandika walikaa salama, na pale chini wakaweka majina ya vijana waliojitolea. Yeye alijitolea kabla hajaota ndevu, akafungwa kwa makala ambayo hata hakuwa ameisoma. Aliniambia kwamba jela haikumuuma kama siku ya kutoka, alipowakuta wakubwa wale wakinywa chai, wakamwuliza kama yuko tayari kwa mara ya pili. Akawaacha, akarudi mji wa kwao upande wa mashariki, akaanzisha gazeti lake mwenyewe. Waingereza walipoondoka na nchi ikagawanywa mbili, mji huo ukaangukia upande wa pili wa mpaka, gazeti likafa, naye akaja huku kufundisha shule. Mshahara wa ualimu ndio ulionunua mtambo mkuukuu wa chapa. Akachukua uraia wa hapa, na amri ya kuwafukuza Wahindi ilipotoka, mkewe aliondoka, yeye akabaki. Makala zetu hazina majina ya waandishi. Jina ni moja tu, lile la chini, na miaka yote limekuwa lake.

Ukurasa wa Kiswahili ulikuwa wazo lake. Hapa Kiswahili ni lugha ya askari kambini. Mimi nikikisema sokoni Nateete, watu hunyamaza. Lakini alisema wanaohitaji kutusoma ni wenye bunduki, na Kiingereza hawakisomi. Kwa hiyo ukurasa huo nauandika mimi. Majuzi niliandika habari za wanawake wanaozunguka milango ya kambi wakiwaulizia waume zao waliochukuliwa. Tulisikia kwamba askari walisomeana kwa sauti.

Ijumaa wakaja watu watatu, mchana, kwa gari lisilo na namba. Mkubwa wao alivaa miwani ya jua na alikuwa mpole sana. Akaliweka gazeti juu ya meza yangu, akauliza ukurasa ule umeandikwa na nani. Bwana Haldar akainuka.

“Mimi naandika yote. Jina yangu iko pale chini.”

Yule mtu akacheka. “Wewe Muhindi, Kiswahili yako mbaya namna hii, ndiyo naandika maneno tamu hivi?”

“Iko kamusi.”

“Na huyu dada?”

“Karani. Yeye napiga taipu tu. Kiswahili hajui.”

Akanigeukia, akaniuliza habari za nyumbani. Mama, lugha hiyo nimezaliwa ndani yake, nami nilimkodolea macho kama mtu asiyeelewa. Akatabasamu. “Sawa, dada. Tutarudi kukusalimu.”

Bwana Haldar aliomba afunge dirisha, mvua isije ikalowesha karatasi. Wakamruhusu, kisha wakamchukua. Hatujui aliko.

Kesho gazeti linaingia mtamboni. Mzee Kizito, fundi wetu wa kupanga herufi, ameniuliza aweke jina la nani. Sheria ya huku nayo inataka jina; tusipoliweka, atakamatwa yeye aliyechapa. Tukiliacha la Bwana Haldar pale pale, kila neno la wiki hii litaongezwa kwenye makosa yake huko aliko.

“Tufunge gazeti tu, nyabo,” akasema, yaani bibi kwa lugha ya huku. “Nani atatulaumu?”

Lakini tukifunga, hakuna atakayeandika kwamba amechukuliwa, na mtu ambaye hakuandikwa popote ni rahisi kumpoteza. Ukurasa wangu wa wiki hii unasema hayo tu: nani amechukuliwa, mchana gani, na watu wa namna gani. Nikamwambia aweke jina langu. Akafuta vidole vilivyojaa wino, akaniuliza kama mama yangu anajua. Nikasema atajua.

Nisalimie Bibi, na Shangazi aliyenilea, na jirani yetu mshonaji. Kaka mwambie asije kunitafuta, hata akisikia nini.

Radhi yako naiomba kwa jambo moja. Sikuliweka jina la Baba, kwa kuwa nyumba yetu inajulikana kwa jina hilo, na Kaka huvuka mpaka na lori lake. Pale chini patasomeka tu: Zubeda, mhariri, Kampala. Akija mtu usiyemjua akakuuliza kama una binti huku, sema huna.

Mwanao,
Zubeda