Sauti ya Mwanamke wa Msituni

Roma, 9 Novemba 1993

Mama yangu mpendwa,

Trieste mko salama? Goti limetulia, au baridi imeanza kulichokoza tena? Mimi mwili ni mzima. Moyo ndio umechafuka.

Ile kazi ya kutia sauti filamu ya msituni niliidhani ya watoto: mwanamume anabembea mitini, simba, wasafiri waliopotea njia. Kumbe ni filamu ya ngono, Mama! Wamechukua hadithi ulizotusomea kitandani wakazivua nguo. Vijana wa Kisomali waliookotwa karibu na stesheni wamevishwa mifupa puani, wakaambiwa wapige kelele kama nyani.

Nilipoinuka niondoke, mwongozaji, Fulgenzi, alinibembeleza: “Wewe nguruma tu, dada. Mwanamke wa msituni hana maneno.”

Hana maneno! Nikakaa tena, nikavaa hedfoni, nikaisikia sauti ya mwigizaji mwenyewe, ile niliyotakiwa kuifunika. Alikuwa anasema Kikroatia, lugha uliyonilea nayo jikoni. Alisema basi, anaumia, wamwache aende nyumbani. Na kamera haikusimama.

Nilimweleza Fulgenzi. Akacheka mpaka akakohoa. “Lugha ya nyani hiyo! Nani ataijua?”

Taa nyekundu ya kurekodi ikawaka. Sikunguruma. Niliyasema maneno ya yule mwanamke kwa Kiitaliano, kwa pumzi yangu yote: “Basi! Naumia! Niacheni!” Fundi mitambo akavua hedfoni, akainamisha kichwa. Fulgenzi alinitukana matusi nisiyoweza kukuandikia, akanifukuza kama mbwa.

Sasa nikwambie nisilomwambia mtu. Yule fundi alinifuata nje, akaninong'oneza mahali anapokaa huyo mwanamke. Anaitwa Jadranka, mtu mzima wa rika langu, amekimbia vita vya kwao. Nilipomsalimu alinifungia mlango usoni. Nilikaa ngazini, nikaongea naye kupitia mlango kwa Kikroatia changu kibovu, mpaka akacheka makosa yangu, akafungua.

Yuko kwangu, amelala. Habari ya kwenda polisi itasubiri mpaka atake mwenyewe. Aliniuliza ni nani aliyenifundisha kuongea vibaya hivyo. Nikakutaja.

Ijumaa tutashuka kwenye treni hapo Trieste wawili, mimi na yeye. Tafadhali usimwulize kitu, Mama. Mpikie supu ya maharage na kabichi, kisha ongea naye chochote, hata habari za majirani. Ana njaa ya kuongea na mtu anayemwelewa.

Nakubusu mikono yote miwili. Wasalimie wa nyumbani.

Binti yako,
Nerina