Woga wa Mama Geneviève

Bunia, Rwambuzi, tarehe 10 Februari 2008

Mama mupendwa,

Nakusalimia kwa jina la Bwana wetu. Siye hapa tuko wazima. Muke wangu Dorothée anakusalimia, kikohozi chake kimeisha. Weye je? Magoti yako iko namna gani tangu ulipoanza kulima tena?

Mama, sina raha. Watu wanaotoka Djugu wanasema vijana wenye silaha wameonekana tena kando ya muto. Ulipotuacha mwaka jana ili urudi kijijini, ulisema vita imekwisha. Miye naona imesimama tu. Rudi kwetu. Chumba chako hakuna mutu amekigusa.

Kuna jambo lingine. Muchungaji amenipa kuhubiri siku ya Pasaka juu ya upendo na woga. Nimejaza kurasa sita, lakini nikizisoma najua si zangu. Tangu walipomuua papa ng'ambo ya muto, sijaweza hata kufika ukingoni. Weye ambaye huogopi kitu, niambie niseme nini.

Mutoto wako,
Vital

Kijijini, Djugu, tarehe 27 Februari 2008

Mutoto wangu Vital,

Barua yako nimeipata kwa mikono ya Honoré, yule wa pikipiki. Aksanti. Magoti yanalia asubuhi, jua likipanda yananyamaza. Maharagi imechanua vizuri. Salimia Dorothée sana.

Nani alikuambia siogopi kitu? Acha nikuelezee jambo la juzi.

Nilikuwa napepeta mbegu nyuma ya nyumba, muchana kabisa, nikaona mwanaume anasukuma baiskeli, muke wake amekaa juu yake, uchungu umemushika. Nilimujua kwa namna ya kusema kwamba ni mutu wa ng'ambo. Jirani yangu Joséphine akanivuta kikwembe nilichojifunga kiunoni.

«Geneviève, ingia ndani, funga. Hao ndio walimuua muzee wako.»

Nikamuomba Mungu aniondolee woga. Hakuniondolea. Nikangoja kidogo, labda atafanya. Yule muke akalia tena, na kilio kile mukunga anakijua, hakingoji mutu. Basi nikaenda na woga wangu wote. Nilipomugusa tu, mikono ikakumbuka kazi yake, nikamuingiza ndani kwangu.

Mutoto alitanguliza miguu. Nilihitaji mutu wa kumushika muke mabega, na bwana yake, jina lake Fiacre, amesimama nje.

«Mama, ninaogopa watu wa hapa,» akasema.

«Miye pia ninakuogopa weye. Ingia.»

Akaingia. Ni mutoto mwanamuke, ana nywele nyingi. Mama yake anaitwa Grâce.

Wakati wa kuondoka, Fiacre akaniuliza kama ninaweza kuvuka siku moja, maana kwao hakuna mukunga tangu vita, na wanawake wanakufa. Nilikuwa namufikiria papa yako. Lakini Jumamosi nitavuka.

Kuhusu mahubiri, miye sikusoma sana. Waambie tu kwamba unaogopa.

Mama yako,
Geneviève

Bunia, Rwambuzi, tarehe 25 Machi 2008

Mama mupendwa,

Amani kwako. Siye tuko salama, mvua tu imetuzidi. Natumaini barua hii itakukuta na nguvu.

Juzi siku ya Pasaka nilipanda kuhubiri, nikaacha zile kurasa sita kwenye kiti. Nikawaeleza habari yako na Fiacre pale mulangoni. Nikasema, «Mama yangu aliomba woga uondoke, haukuondoka, na bado alikwenda. Miye huyu anayewahubiri, siwezi.» Muzee Laurent, ambaye haongei kanisani tangu alipozika watoto wake wawili, alisimama. «Miye pia ninaogopa,» akasema, halafu akaketi. Baada ya hapo tukaomba.

Ninajivunia weye, Mama, na tena nimekukasirikia. Kweli ulivuka? Naenda Boga miezi miwili kufundisha wainjilisti. Niandikie kule.

Mutoto wako,
Vital

Boga, tarehe 30 Aprili 2008

Mama,

Uko muzima? Hii ni barua ya tatu bila jibu. Nimeuliza kila mutu anayetoka huko. Andika hata neno moja.

Vital

Bunia, Rwambuzi, tarehe 12 Mei 2008

Mutoto wangu,

Usishituke kuona naandika kutoka nyumbani kwako. Dorothée ananitunza vizuri, chakula nakula. Barua zako tatu nimezipata zote pamoja leo, maana njia ilikuwa imefungwa.

Nilivuka, ndiyo. Kila Jumamosi. Watoto kumi na moja wamezaliwa, na mama zao wote wako hai. Wiki iliyopita, wakati wa kurudi, niliteleza juu ya jiwe mutoni, nyonga ikavunjika na uso ukapasuka. Fiacre na wenzake watatu walinibeba nimelala juu ya kipoyi cha miti mupaka kwetu. Vijana wetu waliponiona na damu, wakasema watu wa ng'ambo wamenipiga. Nilisema hapana, lakini sauti ilikuwa ndogo na nikazimia. Fiacre na wenzake walikimbia mawe waliyotupiwa, na miye nikaletwa Bunia kwa gari.

Sasa Honoré ananiambia vijana wananoa mipanga, na ng'ambo watu wamehamia porini. Daktari hanikubalii hata kuketi. Nikituma karatasi, watasema ni ya uongo. Uso wako wanaujua, weye ni mutoto wa muzee wangu Étienne. Enda kijijini useme ukweli, halafu uvuke.

Najua ni kitu gani nakuomba. Ukishindwa, sitakusema hata siku moja. Naogopa kukutuma kuliko nilivyoogopa kuvuka.

Mama yako,
Geneviève

Ng'ambo ya muto, tarehe 18 Mei 2008

Mama mupendwa,

Nyonga yaendelea namna gani? Miye niko muzima. Naandika nimeketi nyumbani kwa Fiacre.

Kijijini nilikuta vijana wamekusanyika. Willy, mukubwa wao, akaniambia, «Weye hukuwapo.» Nikamujibu, «Sikuwapo. Mama alikuwapo, na anasema ni jiwe. Kama ni kulipiza, miye ndiye wa kwanza, papa yangu alifia kule, na sitaki. Ninavuka sasa. Anayetaka anifuate aone.» Hakuna kijana alitikisika. Joséphine ndiye alifunga kikwembe vizuri akatangulia majini.

Ukingoni nilitaka kurudi, Mama. Joséphine alinishika mukono kama mutoto. Huku hatukukuta mutu. Tukaketi uwanjani, tukaimba nyimbo za kanisa mupaka sauti ikakauka. Mwisho mwanamuke mumoja akatoka porini na mutoto mugongoni, mwenye nywele nyingi. Alikuwa Grâce. Wengine wakamufuata. Asubuhi hii Willy naye amefika, peke yake, bila kitu mukononi. Ameketi mbali kidogo, anatuangalia.

Niliomba mwanzo wa safari, na woga umevuka pamoja na miye. Bado ninao.

Mukunga hayupo, na Vanessa, dada ya Fiacre, uchungu umemushika tangu alfajiri. Joséphine ameingia ndani kwake, anasema alikuangalia miaka mingi na anajua. Ananiita niwashe moto, maji ichemke. Willy ameshasimama, anatafuta kuni.

Mutoto wako,
Vital